Jina Ambalo Mama Hakulitaja Mahakamani

Mama yangu hajawahi kulitaja jina la baba mkwe wake. Si kwamba alilisahau. Alipoolewa, msichana mbichi kutoka Nyabusozi upande wa Biharamulo, akaletwa huku kwetu Ngara milimani, shangazi zake walimkalisha chini wakamwambia: huko unakokwenda, mzee wa mji ule hutamtaja kwa jina, awe yupo, awe hayupo, awe hai, awe amekufa. Akasema sawa. Na mama yangu akisema sawa, jamani, imekwisha hiyo, usipoteze mate yako.

Kichekesho ni kwamba jina la babu, kwa Kihangaza, linafanana na jina la kitu kimoja cha jikoni, kitu ambacho kila nyumba inacho. Basi mama hata hicho kitu hakukitaja. Alikitungia jina lake mwenyewe, na sisi wanawe tukakua tunakiita hivyo hivyo. Siku moja nilitumwa kwa jirani kukiazima, nikakisema kama tulivyozoea kukisema nyumbani, na nyumba nzima ikacheka mpaka machozi. Nilirudi nyumbani nimenuna, mama akaniambia wao ndio wasiojua kusema. Sitakwambia ni kitu gani, maana ukikijua umelijua na jina, na humu mimi sitaji jina la mtu.

Mimi ni fundi cherehani. Nashonea Biharamulo mjini, kwenye kibaraza cha nyumba ya mama mmoja wa Kiislamu ambaye babu zake walikuja huku bara na biashara zao kutoka pwani, wakanogewa wakabaki. Namwita Bi Mkubwa. Nina mdomo, sikatai, na Bi Mkubwa anao wa kwake, kwa hiyo pale kibarazani hakuna anayeboreka. Lakini kesi hii ninayoisimulia ilikuwa ya mama, na kwa mama mdomo wangu haukufaa kitu.

Shamba lenyewe mama alipewa na babu. Baba yangu alifariki mimi nikiwa bado shule ya msingi. Matanga yalipokwisha, babu akamwita mama, akawaita majirani, akakata vipande vya mulamula. Mulamula ni ule mmea wa majani marefu tunaoupanda mipakani. Ukishapandwa mbele ya watu, mwenye kuung'oa anajua anachokitafuta. Babu akazunguka shamba pamoja na mama, yeye anachimba kishimo kwa jembe, mama anapanda na kushindilia udongo kwa kisigino. Waliporudi pale walipoanzia, babu akasema kwa sauti ya kila mtu kusikia, "Binti yangu, hapa ni pako. Hakuna wa kukutoa."

Hakumwita mkwe. Alimwita binti. Mama husimulia hilo mpaka leo, na kila akilifikia lazima ajifute macho kwa ncha ya kitenge.

Baba mdogo, yaani mdogo wake marehemu baba, alikuwepo siku ile. Alisikia yote, akanywa rubisi, pombe yetu ya ndizi, kama wengine, akashukuru, akaenda zake. Babu alipokuwa hai hakusema neno. Babu naye alipofariki tukamzika mle mle shambani, kando ya baba, chini ya migomba, na hapo ndipo baba mdogo alipoanza. Kwanza alipanda mahindi upande wake wa mpaka, hakuna aliyemuuliza. Halafu mahindi yakavuka. Halafu asubuhi moja tukaikuta mulamula ya upande ule imeng'olewa na kulazwa chini, majani yameshaanza kunyauka. Mama alipomuuliza, akajibiwa kwamba shamba ni la ukoo, yeye ni mtu wa kuja, mume amekufa, mkwe amekufa, kilichobaki arudi kwao Nyabusozi akalime huko.

Arudi kwao! Mwanamke aliyezaa pale, akazika pale, akazeekea pale! Kama baba mdogo angeshinda, mama angetolewa kwenye nyumba yake na kwenye migomba aliyoipanda kwa mikono yake, na yale makaburi mawili anayoyapalilia kila Novemba, sikukuu ya marehemu wote, yangebaki katikati ya mahindi ya mtu. Nilipopata habari nilifunga cherehani siku hiyo hiyo nikapanda kwenda Ngara.

Tukaenda baraza la kata. Siku zile mabaraza ya kata yalikuwa bado yanaamua kesi za mashamba. Siku hizi kazi yao ni kusuluhisha tu, na mimi nasema afadhali. Kata yenyewe siitaji. Wajumbe wote walikuwa watu wa kwetu, Wahangaza watupu, tunasali nao kanisa moja. Mama akaeleza vizuri kabisa. Majirani wawili waliokuwepo siku ya mulamula wakaeleza, mmoja hadi akaonyesha kwa mikono jinsi babu alivyoshika jembe. Mimi moyoni nikasema, kesi imekwisha, jioni tunakula ndizi kwa amani.

Baba mdogo akaruhusiwa kuuliza. Akasimama, akakohoa kidogo, akasema, "Swali langu ni moja tu. Aseme ni nani alimpa shamba hili. Amtaje kwa jina."

Kila mtu mle ndani alijua alichokifanya. Mwanamume yule alikuwa amemwekea mama mtego mahali pekee ambapo mama asingeweza kuuruka.

"Ni mzee wa mji ule," mama akajibu.

"Wazee ni wengi. Yupi?"

"Aliyemzaa mume wangu."

"Jina."

"Aliyekuzaa na wewe."

Watu wakacheka. Baba mdogo hakucheka. Akawageukia wajumbe, akasema, "Naomba iandikwe kuwa ameshindwa kumtaja." Na ikaandikwa! Mjumbe mmoja, mama wa makamo ninayemjua tangu utotoni, ambaye naye hajawahi kutamka jina la mkwe wake hata siku moja, alikuwa anaangalia vidole vyake vya miguu. Mama hakumlaumu. Mimi nilimlaumu, na ninamlaumu hadi leo.

Tukashindwa. Uamuzi ukasema mdai mwenyewe hamjui aliyempa shamba, kwani ameulizwa mara kadhaa ameshindwa kumtaja. Nje ya lile jengo nilimtolea uvivu baba mdogo mbele ya watu. Nilimwambia maneno ambayo siyaandiki hapa. Mama akanishika mkono, akanivuta kama mimi ninavyovuta kitambaa kwenye sindano, tukaondoka.

Njiani ndipo tulipogombana mimi na yeye.

"Mama, ni jina tu!" nikamwambia. "Neno moja! Ungelisema tu tukaondoka na shamba letu."

"Kwako ni neno moja."

"Shamba linakwenda, mama!"

Akasimama katikati ya njia. Mama ni mfupi, akitaka kukuambia jambo zito lazima akusimamishe. "Shamba alinipa yeye," akasema. "Alinipa kwa sababu nilimheshimu. Sasa nimvunjie heshima ndipo nibaki na kitu chake? Nitapita vipi pale alipolala na jembe begani?"

Mh! Nikakosa jibu. Mimi, mwenye mdomo huu. Tulitembea mpaka nyumbani, na tulipofika akanipa viazi nimenye.

Nilidhani ameshindwa na amekubali. Kumbe! Kesho yake alfajiri nikamkuta amevaa kitenge kizuri. "Juu ya hawa kuna nani?" akauliza. Nikamwambia kuna baraza la ardhi la wilaya. "Na juu ya hao?" Mahakama Kuu. "Na juu ya hao?" Nikamwambia Mahakama ya Rufani, mama, hiyo ndiyo ya mwisho katika nchi, kule huwa zinafika kesi za watu wakubwa. Akafunga kilemba chake. "Basi tuanze," akasema, kama anayekwenda gulioni Kanazi kuuza maharage.

Wilayani mwenyekiti alikuwa mtu mpole, si wa huku, na huenda asiyejua lolote kuhusu wakwe wa Kihangaza. Alisoma yaliyoandikwa chini: shahidi ameshindwa kumtaja. Mama akaulizwa kama ana la kuongeza, akasema alishaeleza. Hakueleza ni kwa nini hakutaja. Kwake yeye lile halikuwa jambo la kueleza. Tukashindwa tena. Baba mdogo akarudi kijijini anapiga mluzi, na mahindi yake yakasogea hadi karibu na choo chetu.

Nilirudi Biharamulo nimenyong'onyea. Bi Mkubwa akaniuliza mama anasemaje. Nikamwambia anasema tupande juu.

"Wallahi mama yako kiboko," akasema. "Na jina bado halisemi?"

"Halisemi."

Bi Mkubwa akacheka polepole, huku anachambua mchele. "Mimi marehemu mume wangu nimekaa naye hadi Mungu kamchukua, jina lake sijaliita. Nikimtaka nilikuwa nasema 'wewe', nikimsema kwa watu nasema 'yeye'. Na alikuwa anajua kabisa 'yeye' ni yeye, si mwenye duka wa jirani." Kisha akainua macho. "Hao wanaokata kesi za mama yako wameambiwa hili?"

Nikasema mama haoni kama ni la kuambia watu.

"Basi mtafutie mtu wa kumuuliza."

Mtu huyo alikuja mwenyewe, tena bila kumtafuta sana. Kulikuwa na mawakili wa msaada wa kisheria waliokuja Ngara kusikiliza watu wasio na uwezo, na mmoja wao alikuwa binti wa kuzaliwa Dar es Salaam, mwembamba, na viatu visivyofaa kabisa kwa matope yetu. Nikampeleka mama kwake. Binti akasoma makaratasi, akasoma tena, halafu akafanya jambo ambalo tangu kesi ianze hakuna aliyelifanya. Alimuuliza mama, "Shikamoo mama. Naomba nikuulize, kwa nini hukumtaja?"

"Marahaba. Ni baba mkwe wangu," mama akajibu. Akamwangalia yule binti kama mtu aliyeulizwa kwa nini kavaa nguo.

Nikaingilia, nikaeleza mila ilivyo. Binti akaweka kalamu chini. "Na wale wajumbe walikuwa wanajua?"

"Kila mtu alijua," mama akasema.

"Na huyu shemeji yako?"

"Yeye ndiye anajua kuliko wote. Mke wake mwenyewe, mpaka leo, humwita marehemu 'yule mzee'."

Yule binti akapiga kofi mezani mpaka mama akashtuka. "Mama," akasema, "kesi yako haijasikilizwa bado. Imeandikwa tu." Nikampenda hapo hapo. Nilimshonea gauni, alipokuja tena akalikuta.

Mahakama Kuu ilimsikiliza wakili wetu kwa utulivu. Ikasema haiwezi kupokea ushahidi mpya, yenyewe inatazama kile kilichokwisha kuandikwa, na kilichoandikwa ni kwamba mama ameshindwa kutaja. Tukashindwa mara ya tatu. Lakini kumbe kulikuwa na mlango mwingine. Kesi ya shamba iliyoanzia kwenye baraza la kata haipandi hivi hivi hadi juu kabisa. Ni lazima Mahakama Kuu ithibitishe kuwa ndani yake kuna hoja ya sheria inayostahili kupelekwa huko. Wakili wetu akaiomba, na ikakubali. Hoja ilikuwa hii, nami niliikariri kama Salamu Maria: je, shahidi aliyemweleza mtu kwa namna ambayo kila aliyekuwepo amemjua, anaweza kusemwa ameshindwa kumtaja kwa sababu tu hakutamka jina lake?

Siku nilipopigiwa simu kwamba jalada la mama limehama, limetoka Mahakama Kuu na sasa liko Mahakama ya Rufani, nilikuwa napinda suruali ya mteja. Niliinuka na suruali mkononi, nikaanza kupiga vigelegele peke yangu. Wapita njia wakadhani kuna harusi. Bi Mkubwa akatoka mbio, kanga inamvuka.

"Kuna nini?"

"Kesi ya mama! Imefika Rufani!"

"Ndiyo mmeshinda?"

"Hatujashinda. Imefika tu."

"Na hiyo ndiyo ya mwisho?"

"Baada ya hapo ni Mungu."

Akanitazama, akatazama suruali, akasema, "Basi na sisi tunywe kahawa." Akaagiza kashata, akawaita majirani wa pale barabarani, na mimi nikasimulia kesi ya migomba ya mama kuanzia mwanzo hadi nikakaukwa na koo. Najua watu hushangilia wakishinda. Mimi nilishangilia kupanda. Mama yangu hajui kusoma, anaongea Kiswahili cha kubahatisha, na maneno yake aliyoyasema kwenye kijumba cha baraza la kata sasa yalikuwa yanasomwa na majaji wa mahakama ya mwisho katika nchi nzima. Niliona fahari mpaka kifua kikaniuma.

Nyumbani nako habari zilinitangulia. Nilipokwenda kumwona mama, watu wa gulioni walikuwa wameshampa jina jipya, Mama Rufani. Yeye mwenyewe alikuwa anasema "lufani", kama wengi wetu tunavyochanganya, na alilisema mara nyingi kuliko ilivyohitajika. "Hayo maharage nitayachambua nikitoka Lufani." "Mwambieni padri misa ya marehemu ingoje, nina mambo Lufani." Nilimtania kwamba sasa atataka kusalimiwa kwa kupigiwa saluti. Akaniambia nitangulie kupiga mimi.

Baba mdogo alikuwa anacheka kilabuni. Alisema yule mwanamke atakwenda kuwaambia majaji "aliyemzaa mume wangu", na majaji watamfukuza kama kuku. Niliposikia nilitaka kumfuata. Mama akanizuia mlangoni, akasema, "Muache. Na yeye ameitwa."

Majaji wa Rufani huwa wanakuja mikoani kwa vikao, kwa hiyo tulikwenda Bukoba. Bi Mkubwa alinipa doti ya kanga mpya nimpelekee mama, avae siku ya kesi. Mama akaishika, akaisifu, akaikunja, akasema atavaa kitenge chake cha siku ya mulamula. Alikuwa amekitunza miaka yote ile. Kilikuwa kimepauka, lakini alikipiga pasi ya mkaa usiku uliotangulia hadi mikunjo ikawa inakata. Rozari ikawa shingoni, ndani ya blauzi, ambako aliigusa kila mara kama anayehakikisha haijaibiwa.

Majaji walikuwa watatu. Tulisimama walipoingia, wakaketi, tukaketi. Wakili wetu akasimama akaeleza, na mimi sikuwa naelewa kila neno, lakini nilielewa alipofika kwenye mila. Hakuiona kuwa mambo ya kishamba. Aliieleza kwa adabu, taratibu, kana kwamba shangazi zake mama walimkalisha na yeye pia.

Kisha ikaja zamu ya baba mdogo. Hakuwa na wakili, akasimama mwenyewe. Akasema mrufani alipewa nafasi, akaulizwa, akashindwa kumtaja aliyempa shamba, na hayo yameandikwa. Alisema kwa kujiamini. Nilikuwa nimekunja ngumi ndani ya mkoba wangu.

Jaji aliyekaa katikati akavua miwani. "Tukuulize jambo," akasema. "Huyu mama aliposema 'aliyemzaa mume wangu', wewe ulielewa anamsema nani?"

Baba mdogo akageuka nyuma akatuangalia. Sijui alitafuta nini. Mama alikuwa amekaa wima, anamtazama bila chuki, kama unavyomtazama mtoto wako aliyesimamishwa darasani.

"Tunakusubiri," jaji akasema.

"Nilielewa, mheshimiwa."

"Anamsema nani?"

"Baba yangu."

"Na wajumbe wa baraza, kwa ufahamu wako, walielewa?"

"Walielewa."

"Basi hebu tusaidie," jaji akasema, na sauti yake haikupanda wala kushuka. "Ni nani ambaye hakuelewa?"

Yesu na Maria! Natamani ungekuwepo. Baba mdogo alisimama pale, mtu mzima mwenye mvi, anaangalia sakafu. Nilitaka kupiga kigelegele, wakili akanigusa goti kwa nguvu, nikakimeza. Jaji akamgeukia mama, akamuuliza kama ana neno lolote la kusema kabla hawajafunga. Mama akainuka, akashika kitenge chake.

"Sina, mheshimiwa," akasema. "Nimesikilizwa."

Akaketi. Nimemwona mama akipalilia, akizaa ndugu zangu, akizika. Sijawahi kumwona mrefu kama siku ile.

Uamuzi ulitolewa baadaye, tukaitwa kuusikiliza. Mahakama ilifuta maamuzi ya chini. Ikasema mtu anatajwa kwa kumfanya ajulikane, na mama alimfanya baba mkwe wake ajulikane kwa kila aliyekuwepo, pamoja na yule aliyekuwa anamuuliza. Ikasema ushahidi kwamba alipewa shamba na kuwekewa mpaka mbele ya watu haukupingwa na yeyote. Shamba ni lake. Wakili alitutafsiria polepole tukiwa nje, huku analia yeye, na mimi nalia, na mama anatushangaa wote wawili.

Halafu nikagundua kitu. Uamuzi mzima, kutoka juu mpaka chini, babu hakutajwa jina. Kila mahali waliandika "baba mkwe wa mrufani". Wakili akasema majaji wana namna zao za kuandika, pengine ni kawaida tu. Mimi sijui. Mama alipoambiwa, akatikisa kichwa kwa kuridhika, akasema, "Wale wamelelewa." Na hakuna wa kumtoa katika hilo.

Mimi nilitaka dalali wa mahakama. Nilitaka askari waje, mahindi yafyekwe, baba mdogo asimame pembeni anaangalia. Nilishaanza hata kuulizia utaratibu. Mama akasema hapana, kuna utaratibu mwingine. Akaivisha rubisi, akapika ndizi na maharage kwenye sufuria kubwa ya misiba, akawaita wale majirani wawili waliomshuhudilia na yule mama mjumbe aliyeangalia vidole vya miguu. Kisha akampelekea baba mdogo ujumbe aje na jembe.

Sikutegemea angekuja. Alikuja. Amepungua, shati limemning'inia, hasalimii mtu usoni. Mama alikuwa na vipande vya mulamula kwenye ungo. Hakumhubiria, wala hakumkumbusha chochote. Alimwonyesha tu mahali ule mmea ulipokuwa, na baba mdogo akainama akachimba. Mama akapanda, akashindilia kwa kisigino. Wakasogea, akachimba, akapanda. Walizunguka hivyo upande mzima uliong'olewa, sisi tukiwafuata, mpaka wakafika kwenye kona ya makaburi, na mkononi mwa mama kikawa kimebaki kipande cha mwisho.

Hakukipanda. Akasimama nacho.

"Shemeji," akasema, "swali langu ni moja tu. Ni nani alinipa shamba hili?"

Yule mama mjumbe akajiziba mdomo kwa mkono. Baba mdogo akaegemea mpini wa jembe, akalitazama kaburi la baba yake, akatutazama sisi.

Akalitaja. Alilitaja lote, la nyumbani na la ubatizo, kwa sauti ya kila mtu kusikia, na alipofika mwisho sauti ikamkatika, akajishika kiuno, akalia. Mama alikuwa ameinamisha uso na kujifunika kitenge mdomoni, kama inavyompasa mkwe anapolisikia jina lile. Akamngoja shemeji yake mpaka akatulia. Ndipo akainama, akakipanda kile kipande, akashindilia udongo kwa kisigino.

"Haya," akasema, "nendeni mkanawe, ndizi zinapoa."